Kwenda Kilwa Kutembea: Tunaenda Kuona Mawe au Kuona Watu?



Wapendwa vijana, tafakari ya leo ilianza kama suala la michango na nauli, ikaishia kuwa suala la dhamiri. Vijana wa kigango nilichokuwa nasaidia huku Malolo, Ruangwa, walipanga safari ya siku moja kwenda Kilwa. Wengi wao wamezaliwa na kukulia ukanda huu wa Ruangwa na Nachingwea. Wanajua ufuta, korosho na mbaazi kuliko wanavyoijua bahari. Mpango ulikuwa kukodi kosta, kuondoka usiku ili asubuhi tuwe Kilwa Masoko, kuvuka kwa boti na mwongoza wageni hadi Kilwa Kisiwani kuona magofu, kula chakula cha pwani, kisha jioni kupita mji wa zamani wa Kilwa Kivinje na kurudi nyumbani. Hela ilikuwa yao wenyewe, ya mavuno ya ufuta.

Kwenye kikao zikatoka hoja tatu. Mama mmoja mlezi akasema, "Wanangu, hela yote hiyo ya kwenda kuangalia mawe, si mngewaangalia wagonjwa wa hapa hapa?" Dada mmoja akauliza, "Frateri, yale magofu si ya misikiti? Sisi Wakatoliki tunafuata nini kule?" Kisha kijana mmoja aliyekuwa amekaa nyuma muda wote akasema, "Mimi siendi kula pweza mahali walipouzwa babu zangu."

Hapo kila mtu alinyamaza. Nami nikaona kwamba hoja ile haijibiwi kwa kusema "twende tu, tutafurahi." Inataka kufikiriwa. Swali lake ni hili: je, ni halali kufurahia mahali ambapo wengine waliteseka? Na kama ni halali, ni kwa namna gani?

Kutamani kuona si dhambi

Tuanze na hoja ya mama, maana ndiyo tunayoisikia mara nyingi. Biblia inaijua hoja hii. Kule Bethania, Maria alipompaka Bwana marhamu ya bei kubwa, Yuda alilalamika kwamba ingeuzwa wakapewa maskini, na Bwana hakukubaliana naye. Sisemi kwamba mama yetu ni Yuda, hasha! Yeye anawatembelea wagonjwa kweli, Yuda hakuwa na mpango huo. Ninachosema ni kwamba si kila shilingi isiyokwenda kwa maskini imepotea. Mtu si tumbo tu. Ana macho, ana akili, ana kiu ya kujua ametoka wapi.

Mwanafalsafa Aristotle anaanza kitabu chake cha Metafizikia kwa wazo kwamba binadamu kwa asili yake anatamani kujua, na anatoa ushahidi wa jinsi tunavyopenda kutumia macho hata pale ambapo hatuna faida nyingine tunayoitafuta. Hiyo ndiyo hamu ya kijana wa Malolo anayetaka kuiona bahari. Ni Mungu aliyeiweka.

Lakini Mtakatifu Thoma wa Akwino anatusaidia kwenda hatua moja mbele. Katika Suma ya Teolojia anatenganisha mambo mawili ambayo sisi huwa tunayachanganya. Kuna fadhila ya bidii ya kujua, kwa Kilatini *studiositas*: hamu ya ukweli iliyoongozwa vizuri. Na kuna kilema kinachofanana nayo sana, *curiositas*, ule udadisi wa kutaka kuona ili mradi umeona. Ukitazama kwa nje, watu hawa wawili wanafanya kitu kile kile. Wote wamepanda kosta, wote wamelipa kiingilio, wote wamesimama mbele ya ukuta mmoja. Tofauti iko ndani. Wa kwanza anataka ukweli wa kitu, na yuko tayari ukweli huo umguse. Wa pili anataka kitu kimfurahishe macho, halafu apite.

Mtakatifu Agostino alikuwa mkali zaidi. Katika Maungamo yake anaueleza udadisi huo kama tamaa ya macho, na mfano wake unatisha: watu hukimbilia kuangalia maiti iliyochanwa-chanwa, ingawa kuiangalia kunawaumiza na kuwatia hofu. Wanataka tu kuwa wameona. Hebu fikiria ajali barabarani siku hizi, watu wangapi wananyoosha simu kabla ya kunyoosha mkono. Agostino alishatuona kitambo.

Kwa hiyo swali si "kutembea ni dhambi?" Swali ni: ninapotembea, macho yangu yanatafuta nini?

Wanafunzi waliona mawe, Bwana alimwona mjane

Fungua Injili ilivyoandikwa na Marko, mwisho wa sura ya 12 na mwanzo wa sura ya 13. Tumezoea kuzisoma Jumapili tofauti, ndiyo maana hatuoni zilivyopangana.

Mwisho wa sura ya 12 Yesu ameketi hekaluni kuelekea sanduku la sadaka. Anawaangalia watu. Matajiri wanatia vingi, mjane maskini anatia senti mbili, na Yesu anawaita wanafunzi wake ili wamwone. Mara sura ya 13 inaanza: wanatoka hekaluni, na mwanafunzi mmoja anamwonyesha Bwana ukubwa wa mawe na uzuri wa majengo. Ni wanakijiji wa Galilaya waliokuja mjini, wanashangaa ghorofa. Na Bwana anamjibu kwamba mawe yale yataangushwa yote.

Umeona? Wameitwa wamtazame mtu. Hata dakika hazijapita, macho yamerudi kwenye mawe. Bwana hawakemei kwa kushangaa. Hekalu lilikuwa zuri kweli. Lakini anawaonyesha kwamba mawe yatapita, na aliyetakiwa kuonekana pale alikuwa yule mjane, ambaye hata jina lake hatulijui.

Nimefika mahali pa kuamini kwamba hilo ndilo jibu lote la swali letu, na yanayofuata ni kulipeleka jibu hilo hadi Kilwa. Safari ya kuona magofu inakuwa njema au mbaya kutegemea kama umeridhika na mawe, au umemtafuta mjane.

Utakachoonyeshwa Kisiwani

Kisiwani unaonyeshwa makubwa, wala tusijifanye hayatuhusu. Msikiti Mkuu, ambao sehemu yake ya kale ilijengwa karne ya 11, umesimama kwa mawe ya matumbawe na chokaa, na sehemu iliyoongezwa baadaye ina nguzo na kuba zinazokufanya unyamaze bila kuambiwa. Husuni Kubwa, ikulu ya karne ya 14 iliyo juu ya genge la bahari, ilikuwa na vyumba zaidi ya 100 na bwawa la kuogea lenye pembe nane. Kilwa ilitengeneza sarafu zake yenyewe. Dhahabu ya bara la kusini ilipitia Sofala na Kilwa ikaenda ng'ambo, na sarafu ya sultani wa Kilwa imewahi kupatikana kule Zimbabwe Kuu. Mwaka 1981 UNESCO iliyaweka magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara kwenye orodha ya Urithi wa Dunia.

Ukiwa kijana wa Kusini uliyezoea kusikia kwamba kwenu ndiko nyuma ya maendeleo, ni haki yako kusimama pale na kuinua kichwa. Hiyo si majivuno, ni ukweli. Na kwa dada aliyeuliza habari ya misikiti: Mtaguso wa Pili wa Vatikano, katika tamko *Nostra Aetate* la mwaka 1965, ulisema wazi kwamba Kanisa linawaheshimu Waislamu wanaomwabudu Mungu mmoja. Ule ni mlango wa watu walioinama mbele ya Mungu kwa karne nyingi. Unaingia kwa adabu, umevaa kwa heshima, huendi kukaa mikao ya picha kwenye kibla chao. Watu wa kijiji cha Kisiwani, wanaovua na kulima katikati ya magofu hayo, ni Waislamu. Wewe ni mgeni wao.

Lakini sasa tumtafute mjane.

Mwaka 1331 msafiri maarufu Ibn Battuta alifika Kilwa. Alimsifu sana sultani, Hasan bin Sulaiman, ambaye watu walimpa jina la baba wa zawadi kwa ajili ya ukarimu wake. Anasimulia kwamba siku moja sultani alipotoka kusali, maskini mmoja kutoka Yemeni alimwomba nguo alizovaa. Sultani akarudi ndani, akazivua, akampa. Hadithi nzuri mno! Ingefaa kabisa kwa mahubiri ya Mtakatifu Martino wa Tours.

Ila ina sehemu ya pili. Mtoto wa sultani alizichukua zile nguo kwa yule maskini, akamlipa badala yake watumwa kumi. Na sultani aliposikia jinsi watu walivyomshukuru kwa tendo lile, akaamuru apewe watumwa kumi wengine, na mizigo miwili ya pembe za ndovu.

Soma tena polepole. Ukarimu wa sultani tunaujua. Shukrani za watu tunazijua. Jina la msafiri aliyeandika tunalijua. Watu ishirini waliotolewa kama bei ya nguo, hakuna anayewajua. Hakuna aliyewauliza kwao ni wapi. Ibn Battuta hakuandika kwa ubaya. Aliandika kwa kusifu. Hakuwaona tu. Alikuwa anaangalia wema wa mfalme kama wanafunzi walivyokuwa wanaangalia mawe.

Na mambo hayakuishia hapo. Mwaka 1776 sultani wa Kilwa aliwekeana mkataba na mfanyabiashara Mfaransa aliyeitwa Morice, kumpatia watumwa 1,000 kila mwaka, kwa bei ya piasta 20 kila mtu. Walihitajika kwenye mashamba ya visiwa vya Bahari ya Hindi vilivyotawaliwa na Ufaransa. Karne ya 19 kitovu cha biashara hiyo kikawa Kilwa Kivinje, mwisho wa njia ndefu za misafara zilizotoka Ziwa Nyasa na kukata nchi hii ya Kusini hadi pwani. Kijana wetu aliposema "babu zangu", hakuwa anatia chumvi. Ni nchi hii hii.

Na sisi je?

Mpaka hapa ni rahisi kwa Mkatoliki kutikisa kichwa na kusema, "Kumbe walikuwa hivyo!" Ngoja kwanza. Ukishuka kwenye boti Kisiwani, jengo linalokupokea ufukweni ni ngome inayoitwa Gereza. Ngome inayoonekana leo ni kazi ya Waomani, lakini mahali hapo Wareno walijenga yao mwaka 1505. Na wanaisimu wengi wanalihusisha neno letu gereza na neno la Kireno *igreja*. Unajua maana yake? Kanisa. Sikiliza lugha inavyotunza kumbukumbu ambazo watu wamezisahau.

Julai 1505 kundi la meli za Francisco de Almeida liliuteka mji wa Kilwa. Masimulizi ya mmoja wa waliosafiri nao yanasema kwamba mapadre Wafransisko waliteremka wamebeba misalaba miwili, wakaandamana wakiimba *Te Deum*. Wakausimamisha msalaba kwenye ikulu, kapteni mkuu akasali. Baada ya hapo askari wakaanza kuupora mji.

*Te Deum*, halafu uporaji. Mimi wimbo huo nauimba, na pengine na wewe umeuimba parokiani kwenye sikukuu. Siwezi kusimama mbele ya Gereza na kujifanya mimi ni mtalii tu asiyehusika.

Nasi hatuko peke yetu katika hili. Mitandaoni utaona matangazo ya safari za siku moja kule Yucatán, Meksiko, zinazofanana kabisa na ya kwetu: miji yenye rangi, magofu ya Wamaya kama Chichén Itzá, na chakula cha kienyeji, nyama ya nguruwe iliyofukiwa ikaiva taratibu. Moja ya miji hiyo ni Izamal, ambao nyumba zake zimepakwa rangi ya njano karibu zote, na katikati yake ipo konventi kubwa ya Wafransisko. Picha zake zinapendeza sana. Konventi hiyo imejengwa juu ya hekalu la Wamaya, kwa mawe ya hekalu hilo. Aliyeisimamia miaka ya mwanzo, Padre Diego de Landa, ndiye aliyechoma moto vitabu na sanamu za Wamaya huko Maní mwaka 1562. Na cha ajabu, huyo huyo aliandika maelezo kuhusu Wamaya ambayo baadaye yaliwasaidia wataalamu kuisoma tena miandiko yao. Mtu mmoja, mikono miwili.

Agosti 1993 Baba Mtakatifu Yohane Paulo II alikwenda Izamal, pale pale, kukutana na wawakilishi wa watu wa asili wa Amerika. Mwaka mmoja kabla, Februari 1992, alikuwa amekwenda kisiwa cha Gorée, Senegali, kwenye nyumba ambamo watumwa walifungwa kabla ya kuvushwa bahari, akaomba msamaha kwa ajili ya Wakristo walioshiriki biashara ile. Hicho ndicho kipimo changu. Mtalii anakwenda Gorée kuangalia. Papa alikwenda Gorée kuomba msamaha. Nyumba ni ile ile.

Kivinje, na damu ya pande mbili

Kilwa Kivinje ina mitaa ya nyumba za zamani, milango ya nakshi, kuta zinazobomoka huku watu wakiendelea kuuza samaki na mihogo mbele yake. Kuna boma la Wajerumani. Na kuna mahali panapoitwa Mwembe Kinyonga. Jina linajieleza: ndipo Wajerumani walipowanyonga waliowapinga. Hassan bin Omari Makunganya alinyongwa Kivinje mwaka 1895.

Miaka kumi baadaye, Vita vya Majimaji vilipoanza, vilianzia huku Kusini na kutugusa sisi Wakatoliki moja kwa moja. Tarehe 14 Agosti 1905, Askofu Kasiani Spiss, Mbenediktini, akiwa safarini kutoka pwani ya Kilwa kwenda Peramiho, aliuawa Mikukuyumbu, Liwale, pamoja na mabruda wawili na masista wawili. Mwezi huo huo misheni ya Nyangao ilichomwa moto. Tunawakumbuka, na ni haki yetu.

Lakini macho ya Injili hayaruhusu kuhesabu wafu wa upande mmoja. Katika vita hivyo na njaa iliyofuata, baada ya mashamba na maghala kuteketezwa makusudi, makadirio ya Wajerumani wenyewe ni kwamba walikufa Waafrika 75,000, na wanahistoria wa baadaye wanataja idadi kubwa zaidi, hata 250,000. Watano tunawajua kwa majina. Maelfu yale wengi hatujui hata majina ya vijiji vyao. Kuwaombea watano na kuwasahau maelfu, huko ni kurudi kwenye mawe. Na kuwalilia maelfu huku ukiona watano walistahili, nako ni kurudi kwenye mawe. Mungu hana wafu wa ziada.

Basi, pweza aliwe au asiliwe?

Tumrudie kijana aliyesema hatakula. Nilimwambia mbele ya wenzake kwamba hakuna atakayemlazimisha, na kweli hakwenda. Naiheshimu sana kauli yake, maana bila yeye sisi wengine tungeondoka na maji ya kunywa na chaji za simu tu. Kukataa kwake kulikuwa ni namna ya kuwakumbuka wafu wake.

Hata hivyo nadhani iko njia nyingine iliyo halali, na naipata kwenye imani yetu. Fikiria Pasaka ya Waisraeli. Ni karamu. Kuna mwanakondoo, kuna mkate. Na pamoja navyo kuna mboga chungu, ili kila mwaka wanapokula wakumbuke kwamba baba zao walikuwa watumwa Misri. Hawakuambiwa, "Kwa kuwa mliteswa, msile." Waliambiwa wale na kukumbuka, tena watoto wakiuliza maana ya karamu ile, wasimuliwe.

Na Misa je? Kila Jumapili tunakaribia meza ambayo ni ukumbusho wa mtu aliyeuzwa kwa vipande vya fedha, akateswa, akauawa. Tunaimba, tunapiga vigelegele, kayamba linalia. Hakuna anayesema ni utovu wa adabu, kwa sababu katikati ya furaha ile kifo kinatajwa kwa sauti. Wakristo wa kwanza walidiriki hata kusali na kukumbuka kwenye makaburi ya mashahidi wao.

Kwa hiyo kinachoharibu si kula mahali palipotokea maumivu. Kama ingekuwa hivyo, tusingekula popote duniani. Niambie ni ardhi gani haijanywa damu. Kinachoharibu ni kula kwa kusahau. Furaha inayokubali kukumbuka ni halali. Furaha inayohitaji kusahau ili iwe tamu, hiyo ndiyo ya kuogopa, na si Kilwa tu, bali popote.

Tulikula. Wali wa nazi, samaki wa kupaka, na ndiyo, pweza. Wengine ilikuwa mara yao ya kwanza, wakacheka wenyewe kwa jinsi anavyotafunika. Kabla ya kula tulisali kwa ajili ya watu wote waliopita pale wakiwa wamefungwa, ambao majina yao anayajua Mungu. Dada mmoja akaongeza, bila kuombwa, "na kwa ajili ya waliowafunga." Sikuwa na cha kuongeza.

Ukipata safari kama hiyo

Inaweza isiwe Kilwa. Inaweza kuwa Bagamoyo, Mji Mkongwe, au mahali pengine kabisa. Nakuachia mambo manne ya kubeba.

Kwanza, soma kabla ya kwenda. Hata saa moja tu. Bidii ya kujua huanzia nyumbani, udadisi huanzia getini.

Pili, kila unapoonyeshwa jengo, muulize mwongoza wageni swali moja: "Nani alibeba haya mawe?" Waongoza wageni wetu wanajua mengi, ila wamezoea wageni wanaouliza urefu na umri wa ukuta. Ukiuliza habari za watu, utashangaa watakachokusimulia. Na mlipe stahiki yake bila kumzungusha. Vivyo hivyo mama aliyekupikia na kijana aliyekuvusha kwa boti. Huwezi kumlilia mtumwa wa mwaka 1776 huku unampunja mpishi wa leo mchana.

Tatu, kuhusu simu. Piga picha, hakuna ubaya. Ila watu waliovaa kanga wakichota maji si sehemu ya magofu. Omba ruhusa. Na pale Mwembe Kinyonga, kabla ya picha, sema walau Baba Yetu moja.

Nne, ukirudi nyumbani, endelea kutafuta. Biashara ya watu haikwisha na majahazi. Wapo mabinti wanaotolewa vijijini, hata huku kwetu, kwa ahadi ya kazi za ndani mjini, wakaishia kufanya kazi bila mshahara, bila simu, bila kwenda hata Misa. Kila mtu anaiona nyumba nzuri waliyomo. Wewe uliyefundishwa kuangalia, mwone binti. Muulize anaendeleaje. Kama anahitaji msaada, mweleze paroko, mweleze mwenyekiti wa mtaa, usinyamaze. Na mama mlezi aliyetuambia tuwaangalie wagonjwa, naye tumjibu kwa vitendo: vijana wale walianza zamu ya kuwatembelea wagonjwa wa kigango kila Jumamosi, wawili wawili. Macho yakishazoea kumtafuta mtu, huyatumia popote.

Tusali. Ee Bwana Yesu, wewe uliyemwona mjane pale ambapo wengine waliona mawe, tupe macho yako. Utufundishe kufurahi bila kusahau na kukumbuka bila chuki. Uwapokee kwako wote waliouzwa na kuuawa katika nchi hii ya Kusini, ambao majina yao ni wewe unayajua. Amina.